Mzee Kenyatta katika sinema: isimuliwe habari yote

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua za wasomaji nizungumzie kipande cha filamu ya zamani kinachozunguka siku hizi kwenye simu za vijana hapa Mwanza. Juzi, tukisubiri kivuko cha Kamanga, kijana mmoja alikisimamisha pale uso wa Mzee Jomo Kenyatta unapoonekana, akaukuza kwa vidole viwili, na wenzake wakaangua kicheko.

Kipande hicho kimekatwa kutoka filamu ya Sanders of the River, iliyotolewa Uingereza mwaka 1935 chini ya uongozaji wa Zoltan Korda, wakati sinema zenye sauti zilikuwa bado changa. Paul Robeson, mwimbaji mashuhuri Mmarekani mweusi, aliigiza mhusika mkubwa, naye Kenyatta alipewa sehemu ndogo ya chifu. Filamu yenyewe inamtukuza ofisa wa kikoloni na kuwaonyesha Waafrika kama watoto wasioweza kukaa kwa amani bila kusimamiwa na Mzungu, na Robeson mwenyewe aliikana baadaye. Kwa hilo haina utetezi.

Kinachoniuma ni maneno yanayosambazwa pamoja nacho, kwamba eti Mzee aliuza utu wake. Anayesema hivyo hajajiuliza Kenyatta aliishije London. Chama cha Kikuyu Central Association kilimtuma huko mwaka 1929 kupeleka malalamiko ya ardhi, akaenda tena mwaka 1931, na hakurudi Kenya hadi mwaka 1946. Miaka yote hiyo ya ugenini aliandamwa na ukata, na ujira wa kuigiza, kwake na kwa weusi wengine waliokusanywa kujaza kijiji cha kubuni, ulikuwa riziki.

Tena hakuishia hapo. Alisoma anthropolojia kwa Profesa Bronislaw Malinowski, na mwaka 1938, miaka mitatu tu baada ya filamu ile, akachapisha Facing Mount Kenya, kitabu kinachoeleza mila, ardhi na utawala wa Wakikuyu kwa kalamu ya Mkikuyu mwenyewe. Katika picha yake kitabuni amejitanda vazi la ngozi, ameshika mkuki, na kidole chake kinajaribu ncha yake. Vazi la namna ileile ambalo sinema ililitumia kumdunisha Mwafrika, safari hii alilivaa kwa hiari yake na kwa hoja yake. Mimi naona picha hizo mbili haziwezi kutenganishwa. Kifungo alichohukumiwa Kapenguria mwaka 1953 na uhuru wa mwaka 1963 vinafahamika, sina haja ya kuvirudia.

Nasi tusidhani habari hii iko mbali na kwetu. Mwaka huohuo wa 1935, Waingereza walianza kutengeneza sinema za kuwaelimisha Waafrika huko Vugiri, katika milima ya Usambara, na Waafrika wakaigiza mbele ya kamera zao. Sijasikia mtu akiwaita wasaliti.

Nakuomba, Ndugu Mhariri, gazeti lako lichapishe makala kamili juu ya miaka ya Kenyatta ya London, picha ya filamu na picha ya kitabu zikiwekwa katika ukurasa mmoja. Nawaomba pia walimu wa historia wa sekondari zetu wasikiogope kipande hicho, bali wakionyeshe darasani, wakitaja mwaka wake, waliokitengeneza, na shida iliyompeleka Mzee mbele ya kamera.

Msomaji wako,
Nyamagana, Mwanza