Tamthilia ya Urgences haikufa alipoondoka Daktari Ross

Bwana Mhariri,

Mwandishi wenu wa safu ya utamaduni amedai kwamba tamthilia ya ER, ile ya televisheni ya Marekani kuhusu madaktari wa idara ya dharura, ambayo sisi wa Bukavu tuliizoea kwa Kifaransa kwa jina la Urgences, ilikwisha siku George Clooney, aliyeigiza Daktari Ross, alipoondoka mwaka 1999, na kwamba yaliyofuata yalikuwa ya kusogeza siku tu. Naomba nafasi ya kumpinga kwa heshima, kwa sababu tamthilia hiyo iliendelea miaka kumi mingine, hadi Aprili 2009, ikafikisha sehemu 331, na haikudumu hivyo kwa bahati.

Ni kweli kwamba mhusika mpya, Daktari Kovač, aliletwa mwaka huohuo wa 1999, na wengi walimwona kuwa kiraka cha kuziba pengo la Ross. Lakini kilichoibeba tamthilia ni kurithishana kazi. Tumtazame Carter: mwaka 1994 anaingia katika idara ya dharura ya Chicago akiwa mwanafunzi wa udaktari mwenye koti jeupe lisilo na doa, hajui hata kumwekea mgonjwa dripu, na daktari wa upasuaji Benton anamfundisha kwa ukali. Mwaka 2002 Daktari Greene wa idara hiyo, ambaye uvimbe wa ubongo unamwua, anamwambia kwamba sasa yeye ndiye wa kuionyesha idara mwendo. Miaka mitatu baadaye Carter naye anamwachia neno hilohilo Morris, daktari kijana ambaye watazamaji walikuwa wamemdharau. Katika sehemu ya mwisho kabisa anakuja Rachel, binti wa Greene, anayetaka kusomea udaktari, na Carter anamwita ndani kwa jina la ukoo wa baba yake. Anayesema tamthilia ilikufa mwaka 1999 anatupa karibu yote haya.

Badiliko ambalo mwandishi wenu hakulitaja hata kidogo ndilo linalotugusa sisi zaidi. Mwezi wa Mei 2003 waandishi waliwatoa Kovač na Carter Chicago, wakawaleta Kongo, upande wa Kisangani. Lilikuwa jambo la kijasiri, na kwa Kovač lilikuwa na mantiki yake: mtu aliyefiwa na mke na watoto katika vita vya kwao Kroatia sasa anatibu majeruhi wa vita vya kwetu, tena bila vifaa alivyozoea. Sehemu hizo zilikuwa na pumzi mpya, nami nilizitazama kwa moyo wote.

Hata hivyo, kamera ilikuja na wageni wawili na ikarudi nao. Kongo ikabaki kuwa kidonda cha Carter, na wagonjwa aliowaacha wakatoweka katika hadithi. Wakati huo hapa Bukavu hospitali ya Panzi, iliyoanzishwa na Daktari Denis Mukwege mwaka 1999, ilikuwa ikiwapokea wanawake walioumizwa na vita hivyohivyo, na waliowahudumia ni madaktari na wauguzi Wakongomani. Tamthilia iliyojua vizuri namna hiyo kumkabidhi mwanafunzi idara ya Chicago ingeweza kumwachia daktari Mkongomani hadithi kwa msimu mmoja, tukamfuata yeye zamu hadi zamu. Hapo ndipo mwandishi wenu angepaswa kuielekeza lawama yake.

Msomaji wenu,
Kadutu, Bukavu