Rangi Pekee Haitoshi Kumtambua Mjusi wa Jangwani

Ndugu Mhariri,

Hivi karibuni ukurasa wako wa picha ulibeba picha nzuri sana ya mjusi mwenye mwili bapa na miiba tele, amejilaza juu ya changarawe, na maelezo yaliyokuwa chini yake yakasema kwamba huyo ni mjusi wa miiba wa Australia. Kwa heshima zote, mjusi yule ni wa Amerika Kaskazini, wa jenasi (yaani kundi la spishi zenye undugu wa karibu) iitwayo Phrynosoma. Kosa hilo linaeleweka, kwa sababu wanyama hao wawili wote ni wafupi, wanene wa kiwiliwili, wana miiba na hula sisimizi, ingawa ni wa familia mbali kabisa na kila mmoja amepata umbo hilo kivyake katika bara lake. Alama ya kuwatenganisha ilikuwa wazi pichani. Mjusi wa Australia, Moloch horridus, ana nundu yenye miiba juu ya shingo, ambayo huitanguliza mbele kama kichwa cha bandia anapoinamisha kichwa chake halisi katikati ya miguu ya mbele. Mjusi wa picha yenu hakuwa na nundu. Alikuwa na safu ya pembe zilizopangika nyuma ya kichwa.

Ningeishia hapo kama maelezo ya namna hii yangekuwa nadra. Kwa bahati mbaya, magazeti na mitandao huwapa mijusi wa jangwani majina kwa kutazama rangi, na rangi ndiyo shahidi asiyeaminika kuliko wote. Mjusi aliyetoka shimoni asubuhi akiwa na baridi mara nyingi huwa mweusi mweusi, kisha jua likishampasha moto hupauka, kiasi kwamba picha mbili za mjusi yule yule zinaweza kudhaniwa kuwa za spishi mbili. Udongo nao huchangia. Huko White Sands, katika jimbo la New Mexico nchini Marekani, ambako matuta ni ya jasi nyeupe, mijusi wa spishi tatu tofauti wamekuwa weupe, ilhali ndugu zao wanaoishi kwenye udongo mweusi wa maeneo ya jirani ni wa kahawia. Katika jangwa la Mojave, huko huko Marekani, mijusi wadogo wa spishi ya Uta stansburiana wanaoishi juu ya lava iliyoganda ya volkano ya Pisgah ni weusi kuliko wale wa kwenye mchanga unaoizunguka. Madume wa spishi hiyo hiyo wana makoo ya rangi tatu, ya machungwa, buluu au njano, kila rangi ikiendana na namna yake ya kugombea majike, jambo lililoelezwa na watafiti Sinervo na Lively mwaka 1996. Mtu anayehesabu spishi kwa rangi angehesabu tatu mahali penye moja, wakati alama inayofaa kutafutwa ni doa jeusi lililo ubavuni, nyuma kidogo ya kwapa.

Kinachotakiwa kutazamwa ni magamba, matundu ya masikio, vidole, na sehemu ya chini ya mwili ambayo wapiga picha wengi huisahau. Chukua mijusi wepesi wa majangwa ya kusini magharibi mwa Marekani na kaskazini mwa Meksiko, wale wa jenasi za Callisaurus, Cophosaurus na Holbrookia. Ukiwapiga picha kutoka juu, wanafanana kama shilingi kwa ya pili. Callisaurus ana tundu la sikio linaloonekana, wenzake wawili hawana. Chini ya mkia, Callisaurus na Cophosaurus wana mistari myeusi iliyokingama, ambayo huionyesha wanapoupinda mkia juu ya mgongo na kuutikisa kabla ya kukimbia. Holbrookia hana mistari hiyo. Ndani ya Phrynosoma kwenyewe, Phrynosoma solare ana pembe nne kubwa zinazogusana kwenye mashina, P. cornutum ana safu mbili za magamba yaliyochongoka ubavuni, na P. platyrhinos ana safu moja. Hayo yote yanahesabika kwenye picha iliyopigwa kwa ubavu, bila kumshika mnyama.

Mahali nako ni sehemu ya utambuzi, na pengine pangetangulia. Vidole vyenye magamba marefu kama kingo za mkeka, vinavyomsaidia mjusi kukimbia juu ya mchanga laini, vipo kwa mijusi wa jenasi ya Uma wa Amerika na vipo pia kwa wale wa jenasi ya Acanthodactylus wa Sahara na Arabuni, ambao hawana undugu wa karibu. Programu za simu zinazopendekeza jina kutokana na picha huteleza kwenye mifanano kama hii, hasa mtumiaji asipoweka mahali picha ilipopigwa.

Tena kuna mijusi ambao picha haiwatoshi hata ikiwa safi namna gani. Baadhi ya spishi za jenasi ya Aspidoscelis ni majike matupu wanaozaa bila dume, na zilitokana na kuchanganyika kwa spishi nyingine, kwa hiyo mistari yao ya mgongoni inakaribiana mno. Mtaalamu huhesabu magamba na wakati mwingine hupima vinasaba. Katika hali hiyo, gazeti likiandika jina la jenasi na kuishia hapo, limesema kweli yote inayoweza kusemwa.

Makosa haya yana gharama kwa wanyama wenyewe. Coleonyx variegatus, mjusi mdogo wa usiku mwenye ngozi laini, kope zinazofumba na mistari ya njano na kahawia, hudhaniwa mara kwa mara kuwa ni mtoto wa Heloderma suspectum, mjusi mkubwa mwenye sumu. Heloderma ana magamba ya mviringo kama shanga na mkia mnene, hata akiwa mdogo. Coleonyx hana sumu yoyote, wala hastahili kuuawa kwa hofu inayotokana na kosa la jina.

Ombi langu, Ndugu Mhariri, ni kwamba maelezo ya picha za mijusi yataje jangwa, mwezi na alama iliyotumika kumtambua mnyama. Nasema jangwa, wala si korongo au kilima fulani, kwa kuwa wako wawindaji wanaowakamata mijusi hawa ili kuwauza kama wanyama wa kufugwa. Hata iNaturalist, jukwaa la mtandaoni ambako watu huweka picha za viumbe walivyoviona, huficha mahali halisi pa spishi zilizo hatarini. Kuandika “jangwa la Sonora, mwezi Aprili, safu moja ya magamba ubavuni” kunamtosha msomaji anayetaka kuhakiki, na hakumpi mwindaji njia.

Wako,
Msomaji wa siku nyingi