Harambee ya kisomo cha Jumamosi: viti 30, kamusi 12 na kabati la chuma

Salaam aleikum, Tumsifu Yesu Kristo, na shikamooni wakubwa zetu.

Sisi ni wazazi na walimu wastaafu wa hapa Tanga, wengi wa Ngamiani na Makorora, na wawili wanakuja kwa baiskeli toka Pongwe. Kila Jumamosi asubuhi tunakaa maktabani na vijana, tunasoma nao. Tulianza na watoto 7. Sasa wanafika 50 na vichwa kadhaa, na viti tulivyonavyo ni 20. Wanaochelewa wanakaa sakafuni, madaftari magotini, na mwenye gauni la shule jeupe ananunishwa na vumbi mpaka saa ya kuondoka.

Tuwaeleze kidogo tunachofanya, maana wapo wanaodhani ni tuisheni ya bure. Tuisheni ipo mitaani, na mwenye nacho anaipata. Maktabani mtoto hafundishwi mada yote upya. Anakuja na kilichomkwamisha, anakaa na mtu mzima, wanakikwamua pamoja.

Na kinachokwamisha wengi tunakijua sote. Mtoto amesoma kwa Kiswahili toka darasa la kwanza mpaka la saba. Januari anaingia kidato cha kwanza, anakuta hesabu, biolojia na jiografia zote zimegeuka Kiingereza. Juzi kijana mmoja alisimama akatusomea aya nzima ya osmosisi, yaani jinsi maji yanavyopenya utando mwembamba kuelekea upande wenye chumvi au sukari nyingi, maneno yanamtoka kama mvua ya vuli. Mama mmoja mstaafu, watoto wanamwita Bibi Biolojia, akamuuliza, "Haya mjukuu wangu, maana yake nini?" Kijana akatazama dari.

Bibi hakumgombeza. Alitoa mbatata kwenye mkoba, akakata vipande viwili, kimoja akakitia kwenye kikombe cha maji matupu, kingine kwenye maji yenye chumvi nyingi. Akasema tuendelee na mambo mengine. Baada ya saa nzima hivi akamwita kijana avishike. Cha maji matupu kilikuwa kigumu, ukikikunja kinavunjika. Cha chumvi kilikuwa kimelegea, kinapinda kama ulimi. Kijana akakigeuzageuza, kisha akasema, "Kumbe ndiyo maana bibi nyumbani akitia chumvi maembe ya achari yanatoa maji." Hapo ndipo Bibi alipomrudisha kwenye kitabu, na ile aya akaisoma polepole, anasimama kwenye kila neno asilolijua. Kamusi ilikuwa moja, ikawa inazunguka meza nne. Kufika kwake ilichukua muda, na mwenzake aliyekuwa nayo alikuwa haachii.

Kuna wadogo pia, wa darasa la pili na la tatu. Hao tunaanza nao kwa hadithi. Ukisema "Paukwa!" maktaba nzima inajibu "Pakawa!", na tunawashukuru wasomaji wa magazeti kwa uvumilivu wao. Baada ya hadithi kila mtoto anasoma ukurasa mmoja kwa sauti, mbele ya mtu mmoja tu, bila kuchekwa.

Wakubwa wao wana mchezo wa kusaka vitabu. Rafu za maktaba zimepangwa kwa namba: sayansi zinaanzia 500, fasihi 800, historia na jiografia 900. Tunawapa swali badala ya jina la kitabu. Safari moja tuliuliza mapango ya Amboni yametokeaje. Majibu ya kwanza yalikuwa ya mizimu, na hatukuyakataa, kila mtu ana babu yake. Kisha wakaenda kwenye 551, jiolojia, wakakuta kwamba jiwe la chokaa huliwa taratibu na maji ya mvua yaliyochukua hewa ya kaboni toka angani na ardhini. Mtoto aliyekwisha kutafuta jibu mwenyewe hivyo, kesho hakuombi umtafutie.

Wazee wetu wanakumbuka kwamba huduma ya maktaba nchini ilitungiwa sheria mwaka 1963, nchi ikiwa bado mbichi, na kwamba Mwalimu Nyerere alifungua Maktaba Kuu ya Taifa Dar es Salaam tarehe 9 Desemba 1967, mwaka uleule wa Azimio la Arusha. Fikra ilikuwa kwamba kitabu kimfikie asiye na uwezo wa kukinunua. Sawa, kitabu kipo rafuni. Ila mtoto anayesoma bila kuelewa anahitaji mtu pembeni yake, na mtu huyo tusimngojee atoke mbali.

Sasa hesabu. Viti vya plastiki 30, kwa 15,000 kila kimoja, ni shilingi 450,000. Kamusi 12 za Kiingereza na Kiswahili kwa 25,000 ni 300,000. Kabati la chuma lenye kufuli ni 450,000. Nauli za walimu watano, kwenda na kurudi, kwa Jumamosi 30 ni 180,000. Hawalipwi, lakini si haki watoe na nauli mfukoni. Uji na maandazi ni 20,000 kila Jumamosi, jumla 600,000. Karatasi, kalamu na ubao 120,000. Yote inakuja 2,100,000. Mkononi tuna 340,000. Tunatafuta 1,760,000.

Kuhusu uji, mwenzetu mmoja kikaoni alitaka tuukate tupunguze gharama. Wapo watoto wanaotoka nyumbani na chai ya rangi tu. Uji umebaki.

Kuhusu kabati, lazima tuseme ukweli. Mwaka jana tulichangiwa katoni mbili za vitabu. Tukaziweka chini, sakafuni, kwenye stoo ya mwenzetu. Masika yalipopita tukafungua: mchwa walikuwa wamesoma kabla yetu, na wamesoma mpaka jalada la mwisho. Kosa lilikuwa letu wenyewe. Waliotuchangia tumeshawaomba radhi mmoja mmoja, na tunawaomba tena hapa.

Wengine wanatuuliza mbona hatuombi kompyuta. Tutaziomba siku moja. Kwa sasa mtoto aliyekaa sakafuni tunataka kwanza akae.

Harambee itakuwa Jumamosi ya mwisho wa mwezi huu, saa 4 asubuhi, maktabani. Watoto wamejiandalia mdahalo: kama shule zifundishe kwa Kiswahili au Kiingereza mpaka kidato cha nne. Tumewaambia wasitupendelee wakubwa, kwa hiyo msije mkashangaa. Jero inapokelewa, buku linapokelewa, laki pia. Mwenye kiti nyumbani asichokikalia akilete. Mwenye kamusi ya zamani ya mwanawe aliyemaliza shule, ailete hata kama jalada limetoka, tuna gundi. Kila mchango unaandikwa kwenye daftari la mweka hazina mbele yako, unapewa risiti, na daftari litakuwa mezani kila Jumamosi kwa atakayetaka kulikagua. Vitakavyonunuliwa vitaletwa hapohapo na stakabadhi zake.

Na ninyi watu wa Tanga mlioko Dar, Arusha, Muscat na kwingineko: mji wetu wanausema waja leo waondoka leo, na ninyi mliondoka siku nyingi. Mkija likizo pitieni. Mchango wenu mnaweza kumpa ndugu aliye hapa auwasilishe kwa mkono, apewe risiti yenye jina lenu.

Kisomo chenyewe siku hiyo kitaanza saa 3 kama kawaida. Ukiwahi, utapewa mtoto mmoja na ukurasa mmoja, umsikilize akisoma.