Tafuna kwanza, mwanangu

Mwanangu mpenzi,

Simu ya juzi ilikatika kabla sijamaliza, au labda uliikata wewe, sitauliza. Ulitaja kwamba kifua kinakuwaka usiku, kisha ukarukia habari za mtihani. Matokeo yako nimeyasoma mara mbili na nimemsomea baba yako. Lakini lililobaki kichwani mwangu ni hicho kifua. Unakula saa 5 usiku, dakika tano sahani tupu, halafu kitandani. Kiungulia kitakosaje?

Tumbo halina meno. Chukua kipande cha mkate, ukitafune polepole bila kumeza. Kitaanza kuwa kitamu, na sukari hukutia. Ni mate hayo, yanauvunja wanga kuwa sukari humo humo mdomoni. Mwili unatoa mate lita nzima au zaidi kwa siku, nawe unameza tonge kama unafukuzwa.

Mbio hizo najua ulizitoa wapi. Nani alikuwa akisimama mlangoni kila asubuhi, funguo mkononi, akisema "meza twende"? Basi leo nasema tafuna, na unisikilize kama ulivyonisikiliza wakati ule.

Tonge likishapita kooni huingia kwenye umio, mrija wa sentimita 25 hivi. Misuli yake hujibana nyuma ya tonge na kulilegezea njia mbele, na kwa sekunde chache limefika tumboni. Mlangoni mwa tumbo kuna msuli wa mviringo unaofunga njia, na shida yako iko hapo. Chakula hukaa tumboni saa mbili hadi nne, kikiwa na mafuta mengi hata zaidi, kikikorogwa na asidi kali mpaka kiwe kama uji. Tumbo limepakwa ute mzito wa kulikinga. Umio hauna kinga ya namna hiyo. Ukijilaza tumbo limejaa, asidi inapenya na kupanda, ndio huo moto unaousikia. Baada ya kula kaa hata saa tatu nzima ndipo ulale. Na utafune.

Halafu zile dawa za maumivu unazomeza tumbo likiwa tupu, punguza. Zinaudhoofisha ule ute. Mimi nilizitumia miaka kwa ajili ya mgongo, na siku zile mlizoambiwa mama amechoka, haukuwa uchovu. Nilidhani vidonda vya tumbo vinaletwa na mawazo, mpaka daktari akanieleza kuwa vingi hutokana na bakteria au na dawa hizo hizo. Siku ukiona choo cheusi kama lami, au ukitapika damu, usinipigie mimi kwanza. Nenda hospitali.

Huko mbele sina ugomvi nako sana. Utumbo mwembamba, mita sita hivi zilizokunjwa tumboni mwako, hupokea nyongo kutoka kwenye ini na maji ya kongosho, na kwenye kuta zake kuna vijinyweleo vinavyonyonya chakula hadi damuni. Kazi kubwa iko huko, nayo inafanyika bila wewe kuamka. Utumbo mpana unabaki kunyonya maji. Ukishinda bila kunywa unakauka choo, na usibane haja eti kipindi hakijaisha. Safari yote huchukua siku moja hadi tatu. Ukiacha huo mlango wa mwisho, sehemu uliyoachiwa wewe kuiamulia ni ile ya mdomoni tu.

Bomba la jikoni limetengenezwa, ingawa bado linatoa mlio usiku. Blanketi lako nimelifua nikalikunja, mdogo wako analitaka na nimemkatalia. Amehamia kiti chako mezani. Jana alimaliza kula kabla sijakaa. Nikamwongezea kidogo, nikakaa naye mpaka akamaliza taratibu. Wewe sikuwahi kukukalia hivyo.

Ukijibu, anza na hili: jana ulikula saa ngapi, na ulilala saa ngapi?

Mama yako