Maktaba zetu zisomane jamani

Mhariri, naomba nafasi nami niseme hili la maktaba. Miswada ya zamani ya Kiswahili, tenzi na mashairi ya herufi za Kiarabu, mingine iko Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na mingine chuo kikuu cha SOAS kule London, sasa mwanafunzi akitaka kujua upi uko wapi inabidi apekue katalogi moja moja, na jina la mtunzi huku limeandikwa hivi kule vile, mwisho anakata tamaa. Inauma kwa kweli, maana dawa ipo kitambo. Miaka ya 1960 Library of Congress ya Marekani ilitengeneza MARC, yaani kila taarifa ya kitabu inakaa kwenye namba yake, mtunzi 100, kichwa cha kitabu 245, basi kompyuta ya nchi yoyote inaelewa. Na Koha, programu ya kompyuta ya kuendeshea maktaba iliyoanzia New Zealand, ni ya bure na inavuta rekodi za maktaba zingine. Wakuu wa maktaba Afrika Mashariki kaeni pamoja, kubalianeni kwanza namna ya kuandika majina, hapo ndo penye kazi, na mkianza anzeni na hiyo miswada.

Msomaji wenu, Tanga