Mjomba, ile hadithi ya Shankly hukuwahi kuimaliza

Mjomba, shikamoo.

Juzi jioni nilipita uwanjani nikakuona nyuma ya goli, filimbi shingoni, na timu si yako tena. Sikukusalimia, unisamehe. Nilishindwa niseme nini.

Nimemkumbuka Bill Shankly wako, yule kocha wa Liverpool. Ulituimbia habari zake kabla hatujajua kufunga kamba za viatu. Kazaliwa 1913 Glenbuck, kijiji cha wachimba makaa ya mawe huko Ayrshire, Scotland. Nyumba ya watoto kumi, wavulana watano, na wote watano wakacheza mpira wa kulipwa. Kaacha shule ana miaka 14, mgodini. Ukifika hapo unatutazama sisi tuliolalamika kutumwa maji. Halafu akawa mchezaji wa Preston, Kombe la FA 1938, ile penalti ya George Mutch dhidi ya Huddersfield muda wa nyongeza ukiyoyoma. Carlisle, Grimsby, Workington na Huddersfield alikofundisha baadaye ulizipita mbio, ulikuwa na haraka ya kufika Anfield, uwanja wa Liverpool.

Desemba 1959 aliikuta Liverpool daraja la pili. Makocha aliowakuta, akina Bob Paisley na Joe Fagan, hakuwafukuza. Mikakati ikapangwa kwenye kachumba ka kuwekea viatu. 1962 wakapanda daraja, 1964 ubingwa, 1965 Kombe la FA la kwanza katika historia ya klabu. Mimi niliyoipenda zaidi ni ya bukta. Timu ilikuwa inavaa jezi nyekundu na bukta nyeupe. Mwaka 1964, kabla ya mechi na Anderlecht ya Ubelgiji, akampa nahodha Ron Yeats, jitu lile, bukta nyekundu aivae amwone. Akaona mtu kawa mlima. Mchezaji mwenzake Ian St John akadakia: basi na soksi ziwe nyekundu. Mpaka leo.

Ulikuwa unaishia hapo, au kwenye ubingwa wa 1973 na Kombe la UEFA mwaka huohuo. Yaliyofuata nimeyasoma mwenyewe ukubwani.

Mei 1974, fainali ya Kombe la FA, aliwafunga Newcastle 3-0 Wembley. Julai akastaafu, ana miaka 60, mji mzima haukuamini. Wiki chache tu akajuta. Asubuhi akawa anatokea Melwood, kwenye mazoezi, na wachezaji wakimwona bado wanamwita bosi, ilhali bosi ni Paisley, yuleyule wa chumba cha viatu. Paisley angefanyaje? Mwisho mzee akahisi hatakiwi, akaacha kwenda. Akawa anakwenda kufanya mazoezi kwa Everton, mahasimu, karibu na kwake, na akasema wao walimpokea vizuri kuliko Liverpool. Moyo ulisimama Septemba 1981.

Wewe ulilijua hili, Mjomba. Ndiyo maana hukulisimulia.

Nakuandikia kwa sababu ya yule kijana uliyemfundisha wewe, anayeshika timu sasa. Juzi vijana walipoingia uwanjani walikuja kukuamkia wewe kwanza, yeye akawa anapanga koni, kainama, kama hajaona.

Huku kwangu watoto wanacheza chandimu nyuma ya nyumba, goli ndala mbili, na hakuna hata mmoja anayejua kutumia mguu wa kushoto. Wanagombana kila bao. Njoo Jumamosi, saa kumi. Filimbi usiiache.