Barua ya wazi kwa vijana mnaosomea urubani

Wanangu,

Nawasikia mkiwataja marubani wa Vita Kuu ya Kwanza kwa hesabu ya ndege walizoangusha: huyu 80, yule 75. Leo naomba mnisikilize juu ya mwenye 40, Oswald Boelcke wa Ujerumani.

Najua wapo watakaoguna. Mwaka 1916, yeye akiruka juu ya Ufaransa, jeshi la Kaisari wake lilikuwa likiwabebesha babu zetu mizigo ya vita huku kwetu, na wengi hawakurudi makwao. Sijalisahau hilo, wala simsifu kwa vita aliyopigana. Nataka mwone alivyofundisha na alivyokufa.

Alianza kung'ara 1915 akiwa na ndege ya kivita, Fokker ya bawa moja. Bombomu lake lilipiga katikati ya mapanga ya rafadha bila kuyagusa, kwa sababu injini yenyewe ndiyo iliyoruhusu risasi itoke, pale tu panga lisipokuwa mbele ya mtutu. Mwenye silaha kama hiyo angeweza kuridhika kuwinda peke yake. Boelcke alikaa chini akaandika kanuni nane za kupigana angani. Mshambulie adui ukiwa na jua mgongoni. Usifyatue mpaka uwe karibu. Ukiwa upande wa adui, usisahau njia ya kurudi. Na ya nane: shambulieni kwa kundi, lakini wawili wasimfuate adui mmoja.

Agosti 1916 akapewa kikosi kipya, Jasta 2, akakijaza vijana, mmojawao Manfred von Richthofen, huyo mnayemtaja kwa ndege 80. Ndege mpya zilichelewa, kwa hiyo alfajiri aliruka peke yake, vijana wakabaki uwanjani kumngoja. Akishuka na kidevu cheusi kwa moshi wa baruti, walijua amepambana. Kisha somo linaanza. Tarehe 17 Septemba akawaongoza angani kwa kundi, na Richthofen akaangusha ndege yake ya kwanza. Mimi hapo ndipo ninapomheshimu: alichokijua hakukificha.

Sasa tarehe 28 Oktoba, mwaka huohuo. Alikuwa amesharuka mara kadhaa siku hiyo, na bila shaka mwili ulichoka. Yeye na rafiki yake Erwin Böhme wakawa wanaiandama ndege moja ya Kiingereza, wote wawili. Nyingine, iliyokuwa ikikimbizwa na Richthofen, ikawakatiza ghafla. Wakakwepa, na magurudumu ya Böhme yakaparuza bawa la juu la Boelcke. Kuparuza tu. Bawa likaharibika, ndege ikaanza kumshinda, ikashuka hadi chini. Haikusambaratika kama nyingine zilivyosambaratika, pengine angetoka hai. Lakini hakuwa amejifunga mkanda sawasawa, wala hakuvaa kofia ngumu. Alikuwa na miaka 25.

Someni tena kanuni ya nane, kisha mtazame nani aliyeiandika. Mkiwa na saa nyingi angani, hapo ndipo mtakapoanza kuruka orodha ya ukaguzi kwa sababu mmeizoea. Isomeni kwa sauti, kila kipengele, hata safari iwe ya dakika kumi. Mkichoka, semeni mmechoka, na anayewadharau kwa hilo mwacheni.

Na ukimwona mwalimu wako amekaa mkanda ukining'inia, usinyamaze kwa kuona haya. Mwambie kwa adabu, "Mwalimu, samahani, mkanda," na msiondoke mpaka aufunge.

Wenu mzee,
Rubani mstaafu